Mtu wa Kumi na Moja

Wale mliokosa sehemu ya wiki iliyopita hamkukosa raha yoyote. Mama yangu alikufa. Alikufia kwenye makao ya wazee, Jumanne moja ya mwezi wa nane mwaka 2020, mimi nikiwa nje ya dirisha na baridi ya Melbourne ikinikata masikio, kwa sababu ndani hatukuruhusiwa. Muuguzi alimwinulia Mama mkono akauweka kwenye kioo, nami nikaweka wangu upande wa pili, na hivyo ndivyo tulivyoagana.

Kwa aliyeingia leo: naitwa Doris Zerafa, binti wa Wamalta wa St Albans, mjane, mama wa vijana wawili, mtengeneza nywele ambaye saluni yake ilifungwa na korona. Katika miezi ile ya kufungiwa ndani nilikuwa msimamizi wa Mikono Wazi, kundi la mtandaoni la mtaa wetu, watu elfu nne na ushee.

Wema wa kundi lile ulikuwa wa kweli, nisiusingizie, maana nina uongo wangu wa kutosha kukiri leo. Watu walishona barakoa wakaziacha kwenye masanduku ya barua ya majirani wasiowajua. Walitoa mapipa ya taka ya wazee barabarani na kuyarudisha. Mama alipokufa niliweka picha yake, na kabla ya chakula cha mchana nilikuwa na mioyo myekundu elfu moja na mia mbili, na keki za ndizi zimejaa barazani mpaka nikawa napita upande upande.

Nilipenda. Hilo ndilo la kwanza. Nilikuwa nikiamka nashika simu kabla sijashika miwani. Mtu aliyesifiwa miaka thelathini kwa kupaka watu rangi za nywele, ghafla anaitwa moyo wa mtaa. Nani angekataa.

La pili ni Sheria ya Tatu. Kundi lilikuwa na sheria tano, nami ndiye niliyeziandika. Ya tatu ilisema: "Tunalindana." Maana yake halisi ni kwamba ukimwona mtu anavunja amri za serikali, mpige picha, ilete hapa. Mimi mwenyewe niliwahi kumwanika mama mmoja aliyefungua utepe wa polisi kwenye bembea ili mtoto wake acheze dakika tano. Maoni mia sita. Yule mama alijitoa kwenye kundi, na baadaye nikasikia amehama mtaa. Niliona nimetenda jambo la maana.

Mkono wangu wa kulia pale alikuwa Beryl Atchison, mwalimu mstaafu. Anakaa mita mia nne kutoka kwangu na kabla ya korona sikuwahi hata kumwona. Yeye alishona barakoa mia tatu peke yake. Mumewe, Clive, mapafu yake yaliharibika kiwandani zamani, anapumulia mashine ya oksijeni, na Beryl alimlinda kama yai. Hata chupa za maziwa alizifuta kwa dawa kabla ya kuziingiza ndani.

Sasa tuingie kwenye mazishi.

Amri ilikuwa watu kumi. Padri na watu wa mazishi hawahesabiwi, lakini wafiwa ni kumi, akizidi mmoja ni faini na aibu. Mwambie Mmalta habari ya mazishi ya watu kumi. Kwetu watu kumi hawatoshi hata kugombana.

Siku mbili nilikuwa kwenye simu nakata majina. Mama mdogo Cetta, dada yake marehemu, alisema wahesabiwe wale tu waliokuwa wakimtembelea mgonjwa, na kwa hesabu hiyo tungebaki mimi na muuguzi. Mwishowe tukapata kumi: wanawake wanne, wanaume watano, na ndugu yangu Lonzu.

Wanaume sita ndilo lililokuwa jambo lenyewe. Kwetu mama anabebwa mabegani na watoto wake. Jeneza halisukumwi kwa kitoroli kama mzigo wa uwanja wa ndege. Baba alibebwa, babu alibebwa, na Mama kabla akili hazijamtoka alituapisha. Mabega sita, matatu huku, matatu kule.

Ijumaa Lonzu akanipigia. Lonzu ni mdogo wangu kwa miaka mitatu, mama mmoja baba mmoja, anaishi peke yake Deer Park. Anafanya kazi kwenye machinjio, mikono kama nyundo, moyo wa mtoto. Akaniambia mwenzake anayesimama naye ubavuni amekutwa na korona. Wote wamepelekwa kupimwa, na wameambiwa wakae ndani mpaka majibu yatoke.

"Yatatoka lini?"

"Wanasema siku tano, wiki. Maabara zimefurika."

"Mazishi ni Jumatatu, Lonzu."

"Najua mazishi ni lini, dada. Ni mama yangu pia."

Hapa lazima niwaambie jambo jingine, na ni la tatu. Wiki ile Mikono Wazi ilikuwa inachemka juu ya watu wa machinjio. Korona ilikuwa imeingia kwenye viwanda vya nyama upande wetu wa magharibi, na watu wema wa mtaa wetu waliamua kwamba wachinjaji ndio waliotufungia sote ndani. Mmoja aliandika kwamba wafungiwe kwenye vyumba vya barafu pamoja na nyama zao.

Msimamizi ana uwezo wa kufuta maneno ya namna hiyo. Sikufuta. Niliyawekea uso wa kucheka, watu wasije wakajiuliza kwa nini nimenyamaza. Katika miezi mitano ya kuandika kila siku, nikisimulia habari za Mama, za wanangu, hata za paka, sikuwahi kuandika kwamba nina ndugu, wala anafanya kazi wapi.

Basi kiti kikabaki wazi. Binamu yangu Mary-Rose, mwanamke asiyezunguka maneno, akanipigia akasema nimpe jamaa yetu Wenzu wa Keilor, ana mgongo mzima, bega la sita limepatikana. Ilikuwa shauri la busara.

Nikampa Beryl.

"Unampa mtu baki kiti cha mtoto wa marehemu?" Mary-Rose akaniuliza.

"Ndiye aliyenipikia wiki nzima. Wewe uliniletea nini?"

"Mimi nililia, Doris. Samahani sikupiga picha."

Akakata simu. Sikumrudia, kwa sababu alikuwa amegusa penyewe. Nilikwisha kuwaza jinsi nitakavyoandika: kwamba jirani niliyempata mtandaoni ameketi na familia yangu kumzika mama yangu. Niliiona ile mioyo kabla sijaandika neno.

Lonzu naye aliniomba kitu kimoja. Aje na gari lake, aegeshe nje ya kanisa, madirisha juu, atazame ibada kwenye simu, maana kulikuwa na kamera juu ya mlango inayorusha mubashara. Kisha afuate gari la maiti kwa mbali. Nikajua si halali, mtu anayesubiri majibu hatakiwi kutoka hata kununua mkate. Nikamwambia njoo, ila usitie mguu chini. Akaapa.

Nami ile anwani ya kutazama mubashara nikaiweka kwenye kundi. "Kuweni nasi," niliandika. Watu elfu mbili na mia tatu wakawa nasi.

Jumatatu tukakaa kanisani, kila mtu kiti chake, mita na nusu kati yetu, barakoa usoni. Mama mdogo Cetta alisali rozari kwa sauti mpaka padri akawa anamsubiri. Beryl aliketi mwisho wa safu, kwa heshima zote, koti jeusi, mkoba mapajani. Mary-Rose hakumtazama hata mara moja.

Ibada ikaisha. Wanaume watano wakasogea kwenye jeneza, wakajipanga, wakalijaribu. Likainama upande. Mume wa Mary-Rose ana magoti mabovu, akayumba. Msimamizi wa mazishi, bwana mmoja mpole, akaninong'oneza kwamba vijana wake wawili hawana ruhusa ya kubeba bega kwa bega na wafiwa. Akaashiria kwa mkono, na kitoroli kikaletwa. Magurudumu yake yalikuwa yanalia.

Nikatazama chini. Nilijua nani anaona hayo kwenye simu, pale nje.

Mlango ukafunguka. Lonzu akaingia na suti yake moja, ile ya harusi ya mwanangu Adrian, barakoa usoni. Hakumtazama mtu. Alikwenda moja kwa moja mpaka kwenye jeneza, akaishusha barakoa kidevuni, akainama akalibusu, kama tunavyowafanyia wazazi wetu. Kisha akaanza kulia. Mwanamume wa kilo mia, analia kwa sauti, mikono juu ya mbao.

Hakuna aliyemsogelea. Sote tulimjua na sote tulijua anasubiri nini, tukaganda kwenye viti vyetu. Mimi dada yake niligeuka nikaangalia kamera.

Aliyekwenda ni Beryl. Alimwona mtu analia peke yake, basi. Akatoa karatasi laini kwenye mkoba, akampa, akamshika mkono, akamwekea bega mpaka pumzi ikamrudia. Nadhani hata jina hakumuuliza.

Kisha Lonzu akapandisha barakoa, akaingia nafasi ya sita, nyuma kushoto. Jeneza likanyooka. Mama akatoka kanisani mabegani, na kile kitoroli kikabaki pembeni. Kwa dakika zile mbili nilifurahi, na nawaambia hivyo ingawa sijui nina haki gani.

Saa kumi jioni tulikuwa tumeshazika. Nikashika simu kutazama rambirambi.

Ya kwanza iliandikwa na mwanamke niliyemkata nywele miaka kumi na moja. Alikuwa amegandisha picha kutoka kwenye ile video na kuzungushia kila kichwa duara jekundu. "Nimehesabu mara tatu," aliandika. "Ni kumi na moja. Doris?"

Kwa nusu saa nzima niliona jina langu tu. Wengine waliuliza kwa upole. Wengine walisema wao walizika baba zao kwa watu wanne, je wao si binadamu. Mwingine akauliza kama Sheria ya Tatu ni ya watu wa bembea peke yao. Mmoja alitaka sahani yake ya keki irudishwe, ikiwa imeoshwa.

Nikajibu: "Wapendwa, huyo ni mtu wa mazishi, hawahesabiwi. Asanteni kwa kutujali katika msiba huu."

Mioyo ikaanza kurudi. Niliisikia ikiingia, ting, ting, na mwili ukapoa.

Kisha mtu akaandika: "Tangu lini mtu wa mazishi akabusu jeneza?"

Na haikupita saa, ile kampuni ya mazishi ikaingia yenyewe, kwa adabu ya kibiashara, ikasema wafanyakazi wake siku hiyo walikuwa wawili, majina haya na haya, wote na glavu, na huyo bwana kwenye picha hawamfahamu. Walikuwa wanaokoa leseni yao, siwalaumu.

Nikawapigia wanangu, nikampigia Mary-Rose, nikawaomba wasitie neno lolote kwenye kundi. Mary-Rose alisema yeye kwenye kundi langu hajawahi kuwamo na hataingia leo.

Usiku sikulala, hayo hayana haja ya kusimuliwa. Asubuhi ya Jumanne simu ikaita. Beryl.

"Doris mwaya, niko gereji, hapa hapa nyumbani."

"Gereji unafanya nini?"

"Nimelala humu. Nina kitanda cha kambi na jiko la kambi. Sijaingia ndani tangu nitoke kanisani. Clive nampungia mkono dirishani tu."

Nikakaa chini. Akaniambia wala hanilaumu kwa mtu wa kumi na moja, kwamba mazishi ni mazishi, angekuwa yeye angewaingiza hata ishirini. Hayo ya kwenye kundi yatapita. Alisema jambo lake ni dogo tu.

"Yule mtu nilimshika, Doris. Alilia hapa begani kwangu, barakoa iko kidevuni. Clive akipata hata mafua anakwenda. Sikuulizi kwa ubaya. Ni nani, na ni mzima?"

Jibu nilikuwa nalo, na halikuhitaji hata dakika moja. Ni ndugu yangu, anafanya kazi machinjioni, anasubiri majibu, kaa hapo hapo gereji usitoke. Beryl angeniombea, nina hakika. Lakini angetakiwa kuwaambia watu wa afya, na kundi lingejua. Nikaziona zile nyuso elfu nne zikinigeukia, na ule uso wangu wa kucheka chini ya maneno ya vyumba vya barafu.

"Ni jamaa mmoja aliyekuwa akimkatia Mama nyasi," nikasema. "Alimpenda sana. Akajipenyeza."

"Maskini. Na ni mzima?"

"Mzima kabisa."

"Umejuaje?"

"Nimempigia. Amepimwa. Hana kitu."

Wasomaji wangu, nimewahi kusema uongo mwingi maishani, saluni hujengwa kwa uongo. Nimewaambia wanawake wamependeza wakiwa kama kuku walionyeshewa. Huu haukuwa wa aina hiyo. Nilisikia Beryl akishusha pumzi, kisha akacheka na kulia kwa pamoja. Akasema Clive tangu jana hajui kujivalisha soksi, na mrija wake wa oksijeni ameufunga fundo.

"Mungu akubariki," akaniambia. "Nakwenda kumvalisha soksi."

Nikaandika na kwenye kundi vilevile: mkata nyasi wa zamani wa marehemu, aliyezidiwa na majonzi, ambaye sisi familia hatumfahamu vizuri, na tunasikitika. Nusu wakaamini, nusu wakanyamaza. Jumatano Beryl akamaliza mambo mwenyewe. Aliandika kwamba yeye alikuwamo kanisani, kwamba maelezo yangu ameyapokea, na kwamba ananiomba radhi mbele ya wote kwa kunitilia shaka wakati nimefiwa. Alipata mioyo mia tisa, nami nikapata mia saba kwa kumjibu kwamba nimesamehe.

Nilimsamehe. Someni tena hapo kama mnataka, ndivyo nilivyoandika.

Jioni ile ile Lonzu akanipigia. Yeye kwenye kundi hayumo, lakini mtu kazini kwao anamo, na akamtumia picha ya maneno yangu.

"Kumbe mimi ni mkata nyasi," akasema.

"Lonzu, nisikilize."

"Hapana, si kazi mbaya. Ina hewa. Ila ungeniambia mapema, Dori, ningekuja na mashine."

"Walikuwa wananila nyama."

"Wacha wale. Mimi nawakatia kila siku." "Hamnifahamu vizuri. Hilo umeandika kwa mkono wako?"

Nikasema ndiyo. Hakunitukana. Aliniuliza kama kaburi limewekewa maua, nikamwambia limewekewa, akaaga. Lonzu hajui kugombana, ukimkosea anakuwa mpole zaidi, nawe unabaki na mzigo wako.

Alhamisi ikapita, Ijumaa ikapita. Nikaanza kujipa moyo kwamba majibu yatakuja mazuri na ule uongo wangu utakuwa umegeuka ukweli. Nilianza hata novena, zile sala za siku tisa, nikimwomba Bikira Maria anisaidie kuwa sikudanganya.

Jumamosi saa tatu asubuhi akapiga. Nilijua kabla hajasema, kwa jinsi alivyokohoa.

"Ninayo," akasema.

Akaniambia anajisikia kama amepigwa na lori, lakini anakunywa chai. Watu wa afya wamempigia, wamemuuliza kila mahali alipokwenda tangu wiki iliyopita, dakika kwa dakika.

"Ukawaambia nini?"

"Nimewaambia sijatoka nyumbani."

"Kwa nini, Lonzu?"

"Ningewaambia nini? Kwamba nilikwenda kumzika mama wa watu wasionifahamu?" Hakuwa anatania. "Na wewe ndiye uliyeniruhusu nije. Wangekuja kwako kwanza. Kwa hiyo waliokuwamo kanisani waambie wewe. Ni leo, dada, si kesho."

Nikasema nitawaambia wote.

"Yule mama aliyenishika," akasema. "Sikumjua. Nani wetu yule?"

"Si wetu. Ni jirani."

"Mzima?"

"Mzima."

"Anza na yeye. Mimi sikuwa na barakoa, nilimlilia shingoni. Mwambie ni ndugu yako wa machinjioni, kama ulimi utakubali."

Wanangu niliwapigia papo hapo, na Mary-Rose, na mama mdogo Cetta. Wote wakajifungia. Hao hawakuhitaji maelezo, walimjua Lonzu na walijua kwa nini aliingia. Kwa dakika ishirini nilikuwa nimemaliza familia nzima, na yule niliyeambiwa nianze naye ndiye aliyebaki wa mwisho.

Nilimpigia Beryl mara mbili, nikakata kabla haijaita. Nikajiambia jambo kama hili haliambiwi kwa simu, litasemwa uso kwa uso, kwa adabu. Mnaona jinsi nilivyokuwa mtu wa adabu. Na kwenda mikono mitupu nikaona si vizuri, nikachukua sufuria ya supu niliyopika asubuhi, ile tunayoiita ya wajane, ya maboga na koliflawa na yai na jibini la mbuzi. Nikaionja mara tatu jikoni. Nilikuwa natafuta kila sababu ya kuchelewa.

Najua mimi mwenyewe sikupaswa kutoka. Nilivaa barakoa mbili na glavu za saluni, nikaenda.

Nikaweka sufuria kwenye kiti cha barazani, nikabonyeza kengele, nikarudi mpaka getini, kama tulivyozoea siku zile. Beryl akatoka na aproni yake. Nyuma yake, mlangoni, alikuwa Clive kwenye kiti cha magurudumu, blanketi magotini, mrija puani. Soksi zilikuwa zimevalishwa vizuri. Akanipungia.

"Beryl," nikasema kutoka getini, "nimekuja juu ya yule mtu."

"Yule tumeshamaliza, mwaya. Mimi ndiye nilikosea."

"Hapana. Nisikilize kwanza."

"Nakusikiliza. Nafunua tu nione, nina njaa." Alikuwa ameshatoa kijiko mfukoni mwa aproni, na kifuniko kiko mkononi. Mvuke ukapanda. Mimi mita nne kutoka pale, na barakoa zangu mbili, nilisikia harufu ya kitunguu saumu.

Akaonja. Akasimama, akaonja tena, kisha akanitazama kwa huruma, vile mwalimu anavyomtazama mtoto aliyejitahidi.

"Usichukie, Doris, umefiwa, akili haziko jikoni. Lakini leo chumvi umesahau. Hata kitunguu. Nakunywa maji ya moto."

Mwezi ule hakukuwa na mtu mtaani kwetu asiyejua ladha ikipotea maana yake nini. Beryl mwenyewe ndiye aliyeweka lile tangazo la dalili kwenye kundi. Lakini alikuwa na neno langu, kwamba yule mtu amepimwa na hana kitu, na kwa neno hilo alikuwa hana haja ya kuwaza mbali kuliko sufuria yangu.

"Beryl," nikasema.

"Ngoja kwanza, tusikuonee bure." Akachota tena kwa kijiko kile kile, akageuka, akainama mbele ya kiti cha magurudumu. "Hebu onja wewe, mzee wangu, uniambie."

Clive akafungua mdomo. Wangu ulikuwa wazi tangu kitambo, na jina la ndugu yangu lilikuwa bado halijatoka.